Carothers, tabibu wa Mathari aliyeichambua Mau Mau
DAKTARI John Colin Carothers alijiunga na utumishi wa serikali ya kikoloni nchini Kenya mwaka 1929. Mwaka 1938 alikabidhiwa Hospitali ya Mathari, Nairobi, bila mafunzo rasmi ya maradhi ya akili. Huko walifikishwa wagonjwa wa koloni zima, kuanzia Kilindini hadi Kisumu, wakiwamo wahalifu.

Mwaka 1953 Shirika la Afya Duniani lilichapisha kitabu chake kilichodai kuwa Mwafrika hatumii ipasavyo sehemu ya mbele ya ubongo. Mwaka uliofuata, kwa ombi la serikali, aliandika juu ya Mau Mau: viapo na mauaji akavieleza kama msukosuko wa nafsi, kilio cha ardhi akakipa uzito mdogo.

Frantz Fanon, naye tabibu wa akili, alimpinga vikali mwaka 1961. Carothers alifariki mwaka 1989. Miaka 14 baadaye, Kenya iliiondolea Mau Mau marufuku ya kikoloni.