Marehemu Hukwe Zawose, Fundi wa Jukwaa

Wapo wanaodhani kuwa ngoma ni mchezo wa watu wasio na kazi. Maisha ya marehemu Hukwe Zawose, Mgogo wa Doma mkoani Dodoma, yanawakanusha. Huyu alikuwa mchunga ng'ombe aliyejifunza ilimba na zeze kwa baba yake. Baada ya Uhuru aliingia katika kundi la ngoma la taifa. Kisha akafundisha katika Chuo cha Sanaa Bagamoyo, kilichoanzishwa mwaka 1981. Aliwakusanya jamaa zake, akawafunza kuimba na kucheza, akawaongoza hata majukwaa ya Ulaya, wala hakuiacha lugha ya Kigogo. Alifariki Desemba 2003. Anayelidharau zeze la kijijini na akumbuke: kwa zeze hilo Ugogo ulijulikana ulimwenguni.