Tom Mboya, Mtoto wa Kambi ya Mkonge

Kabla sijaingia katika maisha ya mtu niliyekusudia kumweleza, niruhusuni kwanza niseme nilivyokutana naye. Naam, nilikutana naye, ingawa alifariki mwaka 1969, miaka mingi kabla hata mama yangu hajazaliwa.

Nilikuwa kidato cha pili. Nilikuwa nimerudi nyumbani hapa Chala kwa sababu ya karo, na wiki moja ikawa tatu. Siku za soko nilishuka Taveta kubeba mikungu ya ndizi na kuipakia kwenye malori. Pesa ya kwanza ya jasho lako ni tamu jamani, tusidanganyane. Nilinunua viatu. Nikaanza kuona kwamba shule ni kitu cha watu wengine. Jioni moja nikamwambia babu kwamba mimi sirudi tena. Babu alikata mkonge hapa Taveta enzi za ujana wake, na mpaka leo mikono yake ina alama za miiba. Nilidhani atafoka. Aliniuliza tu kama namjua Tom Mboya. Nikamjibu kwamba hiyo ni barabara ya Nairobi. Mzee alicheka mpaka akakohoa! Kisha akaanza kunisimulia, na yale aliyoyaruka niliyatafuta mwenyewe vitabuni baadaye.

Thomas Joseph Odhiambo Mboya alizaliwa tarehe 15 Agosti 1930 huko Kilima Mbogo, karibu na Thika. Wazazi wake walitoka kisiwa cha Rusinga katika ziwa Viktoria, lakini baba yake, mzee Leonard Ndiege, alikuwa akifanya kazi katika shamba la mkonge la mzungu. Kwa hiyo Tom alikulia kambini kama walivyokulia wazee wetu wengi wa hapa Taveta. Huko kambini kulikuwa na Wakamba, Wakikuyu, Wajaluo na wengineo, na watoto walicheza pamoja wakaokota lugha za wenzao. Hata hapo babu alinikatiza hadithi kunikumbusha kwamba kambi zetu pia zilikuwa hivyo hivyo. Wazee huzipenda sana kambi zao wakishaondoka.

Alipofika umri wa miaka 9 alipelekwa shule ya misheni ya Kabaa, Ukambani. Madaftari hayakuwapo. Watoto walikaa chini ya mti wakaandika kwa vidole na vijiti mchangani. Sijui wenzangu, lakini mimi habari hii ilinichoma, maana nilikuwa nimenuna muhula mzima kwa kukosa kitabu cha fizikia. Kutoka Kabaa alikwenda St. Mary's Yala mwaka 1942, kisha Holy Ghost College kule Mangu. Kila hatua karo ilikuwa tatizo. Mshahara wa baba yake ulikuwa mdogo, na nyuma ya Tom kulikuwa na wadogo zake waliohitaji kusoma.

Sasa sikilizeni hapa, maana ndipo mimi nilipoacha kula nikabaki nimeshika tonge mkononi. Tom alifaulu mtihani wake pale Mangu. Alikuwa na akili ya kuendelea hadi cheti cha Cambridge, ambacho wakati ule ndicho kilichokuwa mlango wa chuo kikuu. Pesa zikakosekana. Akaacha shule, kijana wa miaka kama 17 tu, kwa sababu ile ile iliyonitoa mimi darasani.

Lakini hakukaa sokoni (hayo ni maneno ya babu, alinitazama viatu akiyasema). Alitafuta masomo ambayo mtu alipewa posho akisoma, akayapata mwaka 1948. Alisomea kazi ya ukaguzi wa afya, yaani wale ambao wazee wetu huwaita bwana afya. Hii haikuwa ndoto yake ya utotoni hata kidogo. Ulikuwa mlango uliokuwa wazi siku hiyo, akauingia. Huko huko wanafunzi wenzake wakamchagua kuwaongoza. Alihitimu mwaka 1950, na mwaka uliofuata akaajiriwa na Baraza la Jiji la Nairobi.

Mshahara wake ulikuwa kama sehemu moja tu kati ya tano ya ule wa mkaguzi wa kizungu, kazi ikiwa moja. Siku moja akiwa peke yake katika maabara, mama mmoja wa kizungu aliingia na chupa ya maziwa ya kupimwa. Alitazama huku na huku, kisha akauliza kama kuna mtu. Tom amesimama mbele yake! Tom akamuuliza kama macho yake yana kasoro. Yule mama alikasirika, akataka ahudumiwe na mzungu. Niliposoma kisa hiki mara ya pili sikucheka tena kama mara ya kwanza. Kijana wa miaka 20 na kitu kuambiwa si mtu, na kesho yake aende kazini vile vile. Mimi ningeweza?

Alianza kuwaunganisha wafanyakazi wenzake, na mwaka 1953 akawa katibu mkuu wa shirikisho la vyama vya wafanyakazi nchini akiwa na miaka 23. Wakati huo ilikuwa Hali ya Hatari na viongozi wengi wa Kiafrika walikuwa kizuizini. Mwaka 1955 makuli wa bandari ya Mombasa walipogoma, yeye ndiye aliyekwenda kuwasaidia kupatana na waajiri. Mwaka huo huo akapata nafasi ya kusoma mwaka mmoja Ruskin College, Oxford. Aliyekosa karo ya Mangu akaingia Oxford! Mwaka 1957 alichaguliwa kuingia Baraza la Kutunga Sheria, na Desemba 1958 akawa mwenyekiti wa mkutano wa watu wa Afrika nzima mjini Accra, akiwa na miaka 28.

Mambo ya siasa na uwaziri wake tunayasoma katika historia, siyarudii. Ninalotaka kuwaeleza ni lile la ndege. Mboya alizunguka Marekani kuwaombea vijana wa hapa nafasi za vyuo na nauli. Mwanabesiboli Jackie Robinson, mwimbaji Harry Belafonte na mwigizaji Sidney Poitier walimsaidia kuomba michango. Septemba 1959 ndege ya kwanza ikabeba wanafunzi 81. Mwaka uliofuata wakfu wa familia ya Kennedy ulitoa dola 100,000, na miongoni mwa waliosafiri mwaka huo wa 1960 alikuwamo Wangari Maathai, aliyekuja kupata Tuzo ya Nobeli mwaka 2004. Hata Pamela Odede, aliyemwoa Mboya mwaka 1962, alikuwa mmoja wa wanafunzi wa ndege ile ya kwanza. Huyu ndiye kijana aliyekosa karo, kumbukeni.

Tarehe 5 Julai 1969, siku ya Jumamosi, alipigwa risasi akitoka duka la dawa katika barabara ya Government, ambayo leo ni Moi Avenue. Hakuwa ametimiza miaka 39. Alizikwa Rusinga. Babu anakumbuka kwamba siku hiyo watu walikaa karibu na redio mpaka usiku, wala hakuna aliyetaka kuongea.

Wiki iliyofuata nilikwenda kwa mwalimu mkuu na pesa za ndizi, zilizobaki baada ya viatu. Hazikufika hata nusu. Tulikubaliana nilipe kidogo kidogo. Sasa niko kidato cha tatu, na deni la muhula huu halijaisha. Jumamosi ni siku ya soko, nitakuwapo kule nyuma kwenye malori ya ndizi. Atakayepita anisalimie.