Bessie Head: Mwandishi aliyeipata nchi upande wa pili wa mpaka

Mwezi Machi mwaka 1964, mwanamke mwenye umri wa miaka 26 aliondoka Afrika Kusini pamoja na mwanawe mdogo ambaye alikuwa hajatimiza hata miaka miwili. Mkononi alikuwa na kibali cha kutoka nchini, lakini kibali hicho kilikuwa cha safari moja tu: aliyekikubali alipoteza haki ya kurejea alikozaliwa. Alikuwa akielekea Serowe, kijiji kikubwa katika nchi jirani ya Bechuanaland, ambayo miaka miwili baadaye ingejipatia uhuru na kuitwa Botswana. Huko aliahidiwa kazi ya ualimu. Mwanamke huyo ni Bessie Head, ambaye leo anahesabiwa miongoni mwa waandishi wakubwa wa riwaya barani Afrika.

Maisha yake yalianza kwa majonzi. Alizaliwa tarehe 6 Julai 1937 mjini Pietermaritzburg, katika hospitali ya wagonjwa wa akili ambamo mama yake, mwanamke wa Kizungu, alikuwa amelazwa. Baba yake alikuwa mtu mweusi ambaye jina lake halikujulikana kamwe. Katika Afrika Kusini ya wakati ule, sheria ilikwishaharamisha uhusiano wa kimapenzi kati ya Mzungu na Mwafrika, hivyo kuzaliwa kwa mtoto huyo kulikuwa ushahidi wa kosa la jinai. Alikabidhiwa kwanza kwa familia ya Kizungu, nayo ikamrudisha ilipobaini kwamba hakuwa mweupe. Ndipo akapelekwa kwa Nellie Heathcote, mama wa jamii iliyoitwa machotara, akalelewa naye akiamini kuwa ndiye aliyemzaa.

Mwaka 1943 mama yake mzazi alifariki dunia hospitalini, na binti hakujua. Alipokuwa akisoma katika shule ya bweni ya wamisionari wa Kianglikana mjini Durban ndipo alipoelezwa kwamba yule aliyemwita mama hakuwa mama yake, na kwamba mzazi wake halisi alikuwa mgonjwa wa akili. Habari hiyo, aliyopewa msichana ambaye ndiyo kwanza anaingia ujanani, ilimwachia hofu iliyomwandama maisha yake yote: hofu ya kurithi ugonjwa wa mama yake.

Baada ya kufundisha shule ya msingi kwa muda, aligeukia uandishi wa habari, akafanya kazi Cape Town na Johannesburg katika magazeti yaliyosomwa na watu weusi. Mwaka 1960, baada ya polisi kuwaua waandamanaji huko Sharpeville, alijiunga na chama cha PAC, akakamatwa kwa muda mfupi. Mwaka uliofuata aliolewa na mwandishi wa habari Harold Head, na mwaka 1962 akajifungua mtoto wao, Howard. Ndoa haikudumu. Kwa kuwa ufuasi wake wa siasa ulimfanya anyimwe pasipoti, kibali kile kisicho na marejeo ndicho kilichobaki.

Wahenga walisema mwacha asili ni mtumwa. Bessie Head hakuiacha asili yake. Asili ndiyo iliyomkana tangu siku ya kwanza. Hata hivyo, upande wa pili wa mpaka hakupokewa kwa mikono miwili. Alipoteza kazi ya ualimu, akahamia Francistown na kuishi kama mkimbizi, akitakiwa kuripoti polisi mara kwa mara. Kwa wenyeji alikuwa mgeni asiyekuwa na ukoo, asiyejua Kisetswana vyema, mwenye rangi isiyoeleweka na mtoto wa kulisha.

Ni katika dhiki hiyo alipoandika riwaya yake ya kwanza kuchapishwa, When Rain Clouds Gather, iliyotoka mwaka 1968. Inamsimulia Makhaya, kijana wa Afrika Kusini aliyetoka gerezani, anayevuka mpaka usiku na kufika katika kijiji kikavu kiitwacho Golema Mmidi. Huko anakutana na mtaalamu wa kilimo kutoka Uingereza na wanawake wanaojifunza mbinu mpya za kilimo. Ukame unaua ng'ombe, mtoto mchungaji anafariki, na chifu anawapinga wanakijiji, lakini ushirika wao unaleta tumaini. Kitabu hicho kilimpatia mwandishi fedha za kujenga nyumba ndogo Serowe. Aliipa jina la Rain Clouds, yaani mawingu ya mvua, kutoka katika riwaya hiyo, na humo akaandika usiku kwa mwanga wa mshumaa.

Riwaya ya pili, Maru, ilichapishwa mwaka 1971. Mhusika wake mkuu, Margaret, ni mwalimu yatima kutoka jamii ya Wasarwa, waliodharauliwa na kutumikishwa kama watumwa na Waafrika wenzao. Hapo Bessie Head aligusa jambo ambalo wengi walipendelea kulinyamazia: kwamba ubaguzi si wa Wazungu peke yao, na kwamba aliyeonewa anaweza naye kuonea.

Wakati huo huo afya yake ya akili ilikuwa ikiporomoka. Mwaka 1971 alilazwa katika hospitali ya wagonjwa wa akili mjini Lobatse. Kile alichokiogopa tangu utotoni kilikuwa kimemfika. Alipopata nafuu hakukificha; alikigeuza kuwa riwaya, A Question of Power, iliyotoka mwaka 1973. Humo Elizabeth, mwanamke mkimbizi mwenye mtoto mmoja, anateswa na ndoto na maono ya kutisha ambamo watu wenye nguvu wanashindania nafsi yake. Kinachomrudisha kwenye uzima ni bustani ya ushirika, mboga, na urafiki wa mwanamke mwenyeji asiye na maneno mengi. Mwandishi mwenyewe aliwahi kulima katika bustani ya namna hiyo Serowe.

Baada ya riwaya hiyo, alibadili njia. Aliandika hadithi fupi kuhusu wanawake wa vijijini, zilizokusanywa katika The Collector of Treasures mwaka 1977. Pia alienda nyumba kwa nyumba akiwahoji wazee, wafinyanzi, walimu na wakulima, akatunga Serowe: Village of the Rain Wind, historia ya kijiji kwa simulizi za wakazi wake, iliyotoka mwaka 1981. Mwaka 1984 kilifuata A Bewitched Crossroad, kuhusu zama za Mfalme Khama wa Tatu. Mtu asiyekuwa na historia ya ukoo wake aliwahifadhia wengine historia yao.

Na bado kwa muda mwingi wa kazi hiyo hakuwa raia wa nchi yoyote. Ombi lake la uraia wa Botswana lilikataliwa mwaka 1977, mwaka ule ule alioalikwa katika programu ya waandishi wa kimataifa huko Iowa, Marekani. Miaka miwili baadaye, mwaka 1979, alikubaliwa kuwa raia. Ilikuwa miaka 15 tangu avuke mpaka.

Bessie Head alifariki dunia Serowe tarehe 17 Aprili 1986 kwa ugonjwa wa ini, akiwa na umri wa miaka 48. Vitabu vilikuwa vimemletea sifa nyingi kuliko fedha. Barua na miswada yake imehifadhiwa katika jumba la makumbusho la Khama wa Tatu, kijijini hapo hapo. Mwaka 2003 Afrika Kusini ilimtunuku nishani ya Ikhamanga ya dhahabu, na maktaba kuu ya Pietermaritzburg sasa inaitwa kwa jina lake.

Maktaba hiyo imo katika mji ule ule aliozaliwa akiwa mtoto asiyetakiwa. Lakini kaburi lake liko Serowe, katika udongo aliouchagua mwenyewe, na ambao baada ya kumsubirisha miaka mingi ulikubali kumwita wake.