Tom Wills: Aliyewapa Watu Mchezo, Akakosa wa Kumshika Mkono

Kila alasiri maji yakitoka hapa Diani, vijana huteremka ufuoni na mpira wao, wakachora uwanja mchangani kwa kisigino. Nimekua nikiwatazama wachezaji wa namna hiyo. Baadhi ya wale niliowapigia makofi nikiwa mdogo, leo nikikutana nao barabarani Ukunda wanaomba shilingi ishirini. Ulevi na unga umewamaliza. Kwa ajili yao, ndugu msomaji, nakusimulia leo maisha ya mtu wa mbali, Tom Wills wa Australia.

Wills alizaliwa Agosti 1835 katika koloni la New South Wales. Baba yake, Horatio, alikuwa mfugaji wa kondoo. Tom akiwa bado mdogo, familia ilihamia upande wa Victoria, kwenye ardhi ya Wadjab Wurrung, wenyeji asilia wa sehemu hiyo. Mtoto huyu wa kizungu alikulia kati ya watoto wa wenyeji, akacheza nao, akajua lugha yao na nyimbo zao.

Alipofika miaka 14, baba yake alimpeleka Uingereza kusoma katika shule ya Rugby, ile ambayo mchezo wa raga umechukua jina lake. Masomo hayakumvutia sana, lakini uwanjani hakuwa na mpinzani. Akawa nahodha wa kriketi wa shule. Aliporudi nyumbani mwishoni mwa 1856, watu wa Melbourne walimpokea kama nyota.

Mwaka 1858 aliandika barua iliyotoka katika gazeti moja la michezo la Melbourne. Hoja yake ilikuwa nyepesi: wachezaji wa kriketi wakikaa bure msimu wa baridi, miili italegea, basi na iundwe klabu ya mpira wa miguu. Agosti mwaka huo alikuwa mmoja wa waamuzi wa mechi mashuhuri kati ya shule mbili za mji huo. Mei 1859 yeye na wenzake wachache wa klabu ya Melbourne walikaa wakaandika kanuni 10. Kanuni hizo ni za zamani kuliko zile za chama cha soka cha Uingereza, zilizoandikwa 1863.

Mchezo uliozaliwa hapo ndio mpira wa Australia. Mpira wake una umbo la yai, huchezwa kwenye uwanja wa duara kama wa kriketi, na hakuna kuotea. Mpaka leo fainali yake hujaza watu wapatao 100,000.

Lakini sifa haikumkinga. Mwaka 1861 alifuatana na baba yake kwenda Queensland kuanzisha malisho mapya mahali panapoitwa Cullin-la-Ringo. Ardhi ile ilikuwa na wenyewe, na walowezi walikuwa wameshamwaga damu yao. Tarehe 17 Oktoba wenyeji waliivamia kambi, wakaua watu 19, Horatio akiwa mmoja wao. Tom alinusurika kwa sababu alikuwa ametumwa kuleta bidhaa. Wazungu walilipiza kisasi kikali, wakaua wenyeji wengi kupita kiasi. Sisi wa Kwale tunaoyajua machungu ya ardhi tunafahamu kwamba kisa kama hicho hakianzi siku ya mapigano.

Miaka mitano baadaye Tom alifanya jambo lililowashangaza wengi. Alikwenda magharibi mwa Victoria kuifundisha timu ya kriketi ya wenyeji asilia. Tarehe 26 Desemba 1866 aliiongoza timu hiyo kucheza katika uwanja mkubwa wa Melbourne, mbele ya maelfu ya watu. Wachezaji kadhaa wa kundi lile walisafiri hadi Uingereza mwaka 1868, timu ya kwanza kutoka Australia kuzuru huko. Yeye hakwenda nao. Kusema kweli, sifa yake ina doa. Mwaka 2021 iliibuka makala ya gazeti la Chicago ya 1895 inayodai kuwa Tom alishiriki katika kisasi cha Queensland, na wanahistoria bado wanabishana.

Lisilobishaniwa ni kwamba baada ya kifo cha baba yake usingizi wake uliharibika. Ndoto za siku ile zilimwandama, naye akazidisha pombe ili alale. Watu waliendelea kumwita uwanjani, na mechi ikiisha walimwacha na chupa yake. Miaka ikapita, mwili ukachoka, klabu zikampa kisogo, madeni yakamfuata.

Mwishoni mwa Aprili 1880 aliacha kunywa ghafla. Mwili uliozoea pombe miaka mingi ukamgeuka, akaanza kuona na kusikia yasiyokuwapo. Mwenziwe Sarah Barbor alimpeleka hospitali ya Melbourne, naye akatoroka. Tarehe 2 Mei alijitoa uhai, akiwa na umri wa miaka 44. Alizikwa katika kaburi lisilo na alama, na miaka 100 ikapita kabla ya kuwekewa jiwe. Leo ana sanamu nje ya uwanja ule ule.

Wazee husema mcheza kwao hutunzwa. Tom Wills alicheza kwao, akatunzwa kwa makofi tu. Sanamu haikumfaa kitu.

Sisi tunajua pombe ni haramu na unga ni sumu. Lakini kumtajia mlevi haramu hakumtoi shimoni. Kocha akiona mchezaji wake ameanza kukosa mazoezi, na amfuate nyumbani. Imamu na amkaribishe kabla hajamkemea. Jamaa wakimwona anataka kuacha, wasimfungie chumbani peke yake. Wampeleke kwa daktari, kwa sababu kuacha ghafla pombe iliyokolea mwilini kunaweza kuua.

Jioni hii maji yakitoka, vijana watashuka tena ufuoni. Yule wa zamani atakuwa amekaa pembeni chini ya mvinje, akitazama. Anza kwa kumsalimia kwa jina lake.