Jina Lisilokuwa Kwenye Jalada

Semista iliyopita nilichapa kazi ya kikundi usiku kucha, asubuhi nikakuta jina langu halipo kwenye jalada. Nilinuna wiki nzima. Halafu nikasoma habari za Hosoi Wakizo, nikajikuta namfikiria zaidi mkewe.

Hosoi alizaliwa mwaka 1897 mkoa wa Kyoto, Japani. Alibaki yatima mapema, na kwenye miaka 13 hivi tayari alikuwa mbele ya mashine ya kufuma. Akapita viwanda vya nguo vya Osaka, kisha Tokyo, akaingia chama cha wafanyakazi. Mwaka 1925 alitoa kitabu kuhusu wasichana wa viwandani, na ndicho kinachofanya atajwe hadi leo. Humo utakuta mawakala wakizunguka vijijini, wanamkopesha mzazi fedha, binti anakwenda kulipa deni kwa jasho lake. Zamu saa 12, mara mchana, mara usiku. Bweni lina uzio. Anayetoka zamu analala kwenye godoro ambalo mwenzake ameamka sasa hivi, bado lina joto, kwa hiyo kifua kikuu kikiingia, ndiyo basi tena. Mnaobebana hosteli mnanielewa, ila ninyi angalau mlichagua wa kubebana naye.

Sasa jamani, mwanamume aliyajuaje ya bweni la wasichana? Mkewe, Toshio, aliingia kiwandani angali mtoto. Hosoi alipougua na kuacha kazi ili aandike, Toshio ndiye aliyekwenda zamu, akaleta chakula, na akirudi anasimulia. Mengi ya mle bwenini ni yake.

Kitabu kilitoka Julai. Agosti Hosoi akafariki, ana miaka 28. Toshio alikuwa mjamzito. Mtoto naye akafa mchanga. Kitabu kikauzika sana, lakini ndoa yao haikuwa imeandikishwa, kwa hiyo kisheria Toshio hakuwa mjane wa mtu. Fedha za mauzo zikasimamiwa na wengine. Yeye akarudi kutafuta kazi, akaolewa tena, akazaa, na baada ya vita akalea wanawe kwa vibarua vya kutwa.

Mwaka 1980, akikaribia miaka 80, alitoa kitabu cha maisha yake. Alitumia jina lile lile la kitabu cha mumewe, akaongeza kitu kimoja tu: kwamba ni yangu.