Staudinger, mwanakemia aliyefumbua siri ya pareto na ya plastiki

MAJINA ya wanakemia wa Ulaya hayasikiki mara kwa mara katika mashamba ya Molo, Elburgon na Mau Narok. Hata hivyo, yupo mmoja ambaye kazi yake imeyagusa maisha ya wakazi wa Nakuru kwa njia mbili zinazokinzana. Huyo ni Hermann Staudinger, Mjerumani aliyefariki mwaka 1965, baada ya kufumbua sehemu kubwa ya siri ya ua la pareto na kuueleza ulimwengu plastiki ni kitu gani hasa.

Pareto hutoa dawa ya wadudu ambayo huvunjika upesi ikipigwa na jua na hewa, na kwa miongo mingi mapato yake yaliwalipia karo watoto wengi wa Bonde la Ufa. Plastiki nayo haivunjiki kwa urahisi. Imerundikana katika jaa la Gioto, na mvua ikinyesha husombwa na maji kuelekea Ziwa Nakuru. Staudinger alivichunguza vitu hivyo viwili, kile kinachovunjika na kile kinachodumu. Juhudi za wanasayansi wa leo za kutengeneza plastiki inayooza zimesimama juu ya msingi alioujenga yeye.

Staudinger alizaliwa Machi 23, 1881, katika mji wa Worms, kando ya mto Rhine. Baba yake, Franz Staudinger, alikuwa mwalimu na mwanafalsafa aliyeandika mengi kuhusu vyama vya ushirika. Kijana Hermann aliipenda mimea na akatamani kuwa mtaalamu wa botania, lakini baba yake alimshauri aanze na kemia ili aielewe mimea kwa undani zaidi. Ushauri huo ndio ulioamua mkondo wa maisha yake.

Alipata shahada ya udaktari katika Chuo Kikuu cha Halle mwaka 1903, kisha akaenda Strasbourg, ambako mwaka 1905 aligundua kundi jipya la kemikali linaloitwa keteni. Mwaka 1907 alikuwa profesa mjini Karlsruhe, na mwaka 1912 akaitwa Zürich, nchini Uswisi, kushika nafasi ya Richard Willstätter, mmoja wa wanakemia mashuhuri wa enzi hiyo.

Ni katika miaka hiyo ndipo alipojishughulisha na pareto. Ua hilo jeupe lenye kitovu cha manjano lilikuwa likilimwa Dalmatia, pwani ya nchi ambayo leo ni Croatia, na unga wake ulisifika kwa kuwaua viroboto, chawa na mbu. Lakini hakuna aliyejua ni kemikali gani hasa iliyofanya kazi hiyo. Akishirikiana na msaidizi wake, Leopold Ružička, mzaliwa wa Vukovar, Staudinger aliuchunguza unga huo kati ya mwaka 1910 na 1916.

Wawili hao waligundua kwamba sumu ya pareto imo katika kemikali mbili walizoziita pirethrini ya kwanza na ya pili. Kila moja imeundwa kwa asidi iliyounganishwa na alkoholi, kwa kifungo ambacho wanakemia hukiita esta. Walichapisha matokeo yao mwaka 1924. Baadhi ya maelezo yao yalirekebishwa na wanakemia wa Marekani katika miaka ya 1940, lakini umbo la jumla walilolichora lilithibitika kuwa sahihi.

Kifungo cha esta si kigeni jikoni, kwa kuwa ndicho kinachoyashikilia mafuta ya kupikia. Ni kifungo ambacho maji na vimeng'enya vya mwilini vinaweza kukikata. Katika pareto, hiyo ni mojawapo ya sehemu zinazokatwa dawa inapoingia katika mwili wa mwanadamu au mnyama, na pamoja na uharibifu unaoletwa na jua, husaidia kueleza kwa nini dawa hiyo haikai muda mrefu katika mazingira.

Mwishoni mwa miaka ya 1920, pareto ilifika Kenya, na nyanda za juu zenye baridi kuzunguka Nakuru zikaonekana kuifaa mno. Vita Vikuu vya Pili vilipozuka na shehena za Japani, iliyokuwa mzalishaji mkubwa, zikakatika, maua ya Kenya yaliyalinda majeshi ya Uingereza na washirika wake dhidi ya mbu na chawa. Baada ya uhuru wa mwaka 1963, zao hilo lilishikwa na wakulima wadogo, ambao walichuma maua kwa mikono, wakayakausha na kuyapeleka kupitia vyama vya ushirika hadi kiwanda cha Nakuru. Kwa miaka mingi Kenya ilizalisha zaidi ya nusu ya pareto yote duniani.

Lakini elimu ni upanga wenye makali kuwili. Umbo la pirethrini lilipojulikana, liliweza kuigwa. Mwaka 1949, wanakemia wa Marekani walitangaza alethrini, dawa ya kwanza ya kuiga pareto iliyotengenezwa maabarani. Katika miaka ya 1970, Michael Elliott na wenzake wa kituo cha utafiti cha Rothamsted, Uingereza, wakatoa permethrini, ambayo tofauti na dawa ya ua, ilistahimili jua. Dawa hizo za viwandani zilikuwa za bei nafuu. Ushindani huo, pamoja na kucheleweshwa kwa malipo ya wakulima, ulichangia kuporomoka kwa zao hilo katika miaka ya 2000. Familia nyingi ziling'oa pareto na kupanda viazi na mahindi.

Staudinger mwenyewe alikuwa ameiacha pareto zamani na kuligeukia jambo lililomletea sifa na maadui kwa pamoja. Kabla ya hapo, hata hivyo, vita vilimjaribu. Mwaka 1917, akiwa Uswisi isiyopigana, aliandika kwamba Ujerumani haingeweza kuyashinda mataifa yenye viwanda vingi zaidi baada ya Marekani kuingia vitani. Mwaka 1919 alionya kuhusu gesi za sumu kupitia jarida la Msalaba Mwekundu. Maneno hayo yalimgombanisha na Fritz Haber, mwanakemia aliyeongoza matumizi ya gesi hizo katika jeshi la Ujerumani, na baadhi ya Wajerumani wenzake wakamwona kuwa msaliti.

Mwaka 1920 alichapisha makala iliyoanzisha mgogoro mwingine. Wakati huo wanakemia wengi waliamini kwamba mpira, wanga na nyuzi za pamba vimeundwa kwa molekuli ndogo ndogo zilizoshikana tu, mithili ya siafu wanaoshikana kuvuka kijito. Staudinger alikataa. Alieleza kwamba kila moja ya vitu hivyo ina molekuli ndefu ajabu, mnyororo wa maelfu ya pete zilizofungwa kwa vifungo halisi vya kemia. Mwaka 1922 aliupa mnyororo huo jina la makromolekuli, yaani molekuli kubwa.

Alitoa ushahidi kwa kuuongezea mpira gesi ya haidrojeni. Iwapo mpira ungekuwa kundi la molekuli ndogo, haidrojeni ingezitawanya, na kitu chepesi kingepatikana. Haikuwa hivyo, kwani kilichopatikana kilibaki na tabia zile zile za mpira. Hata hivyo, wakosoaji hawakuridhika. Heinrich Wieland, mwanakemia mwenye heshima kubwa, alimsihi kirafiki aachane na wazo la molekuli kubwa na kurejea kwenye kemia ya kawaida. Katika mhadhara wa mwaka 1925 mjini Zürich, wanasayansi wenzake walimpinga mmoja baada ya mwingine, naye akashikilia msimamo wake peke yake.

Mwaka 1926 alihamia Chuo Kikuu cha Freiburg, Ujerumani, alikofanya kazi hadi alipostaafu. Huko alionyesha kwamba kadiri mnyororo unavyorefuka, ndivyo mchanganyiko wake unavyozidi kuwa mzito, kama uji unavyokuwa mzito kwa sababu ya wanga, na kwa kuupima uzito huo alikadiria urefu wa molekuli. Alimwoa Magda Woit, mtaalamu wa mimea kutoka Latvia, aliyekuwa mshirika wake katika utafiti hadi mwisho wa maisha yake. Kwa njia hiyo, botania aliyoiacha ujanani ikarudi nyumbani kwake.

Nchini Marekani, Wallace Carothers wa kampuni ya DuPont alithibitisha wazo hilo kwa kuijenga minyororo pete kwa pete. Minyororo aliyoifunga kwa esta iliyeyuka kwa joto dogo na kuharibiwa na maji, kwa hiyo ikawekwa kando. Ile aliyoifunga kwa amidi, kifungo kile kile kinachoshikilia protini, ilikuwa imara, na mwaka 1935 ikazaa nailoni. Carothers alifariki mwaka 1937 akiwa na umri wa miaka 41. Tangu hapo viwanda vilishindana kutafuta vitu vya kudumu, na ile esta dhaifu ikasahauliwa kwa muda.

Utawala wa Wanazi ulimrudishia Staudinger maneno yake ya wakati wa vita. Kuanzia mwaka 1933, Martin Heidegger, mwanafalsafa aliyekuwa mkuu wa chuo cha Freiburg, alimshtaki kwa siri, na polisi wakamchunguza. Alilazimishwa kuandika barua ya kujiuzulu ambayo haikutekelezwa, na baadaye akawekewa vizuizi vya kusafiri nje ya nchi. Novemba 27, 1944, ndege za Uingereza ziliushambulia mji huo kwa mabomu na sehemu kubwa ya taasisi yake ikateketea. Alianza upya, na mwaka 1951 akastaafu.

Tuzo ya Nobel ya Kemia ilimfikia mwaka 1953, akiwa na umri wa miaka 72. Ružička, aliyekuwa msaidizi wake katika kazi ya pareto, alikuwa amekwisha kupata yake mwaka 1939. Staudinger alifariki mjini Freiburg Septemba 8, 1965.

Udhaifu uliomsumbua Carothers ndio sasa unaotafutwa. Asidi ya maziwa, ile inayoyapa mursik na maziwa lala uchachu wake, ni mojawapo ya asidi haidroksi. Molekuli zake zikiunganishwa kwa esta hutoa plastiki ambayo maji huikata taratibu. Ndugu yake, asidi glikoliki, imetumika tangu miaka ya 1970 kutengeneza nyuzi za kushonea majeraha ambazo huyeyuka zenyewe mwilini, na mgonjwa hahitaji kurudi hospitalini kuzitolewa.

Upande wa pili zipo asidi amino, zinazojenga protini ya maharagwe, nyama na maziwa. Hizo hufungwa kwa amidi. Watafiti wamejifunza kuziweka asidi za aina hizo mbili katika mnyororo mmoja. Esta hukatwa na maji, ilhali amidi huupa mnyororo nguvu na husubiri vimeng'enya. Kwa kubadilisha kiasi cha kila aina, mtengenezaji anaweza kuamua kitu chake kidumu wiki kadhaa au miezi kadhaa. Aidha, baadhi ya asidi amino, kama laisini, hubaki na mkono wa ziada ambao dawa inaweza kushikizwa. Mwaka 1993 watafiti wa chuo cha MIT, Marekani, walitangaza mnyororo wa namna hiyo uliochanganya asidi ya maziwa na laisini. Maumbile yalikuwa yametangulia, kwa kuwa bakteria wa udongoni hutengeneza valinomisini, pete iliyofumwa kwa asidi hizo hizo za aina mbili.

Si haki kudai kwamba vitu hivyo vitalisafisha jaa la Gioto kesho. Ile minyororo ya mchanganyiko ni ghali na hutafitiwa zaidi kwa matumizi ya tiba. Plastiki ya asidi ya maziwa pekee, ambayo tayari hutengenezwa kwa wingi, huhitaji joto la mtambo wa mboji ili ioze upesi, na ikitupwa ziwani hukaa muda mrefu. Kenya ilichagua njia ya sheria. Ilipiga marufuku mifuko ya plastiki kuanzia Agosti 28, 2017, kwa adhabu ya faini ya hadi Sh4 milioni au kifungo cha hadi miaka minne. Juni 5, 2020, plastiki za kutumiwa mara moja zilipigwa marufuku katika hifadhi za taifa, ikiwemo ya Ziwa Nakuru.

Maisha ya Staudinger yana funzo kwa Bonde la Ufa. Pareto ilikuwa mali ya mashamba ya Molo na Elburgon, lakini elimu ya molekuli yake ilikaa Zürich, Marekani na Rothamsted, na wenye elimu hiyo ndio waliotengeneza mshindani aliyeliangusha zao. Asidi ya maziwa ya viwandani hupatikana kwa kuchachusha sukari na wanga wa mahindi, miwa au mihogo, mazao ambayo Kenya inayajua vyema. Mahindi ya Nakuru yanaweza siku moja kuwa malighafi ya plastiki inayooza. Bila maabara za nyumbani zinazoijua kemia yake, mkulima atabaki muuza magunia, kama alivyobaki muuza maua.