Flann O'Brien: Mcheshi Aliyeipenda Lugha Yake

Brian O'Nolan, anayefahamika zaidi kwa lakabu ya Flann O'Brien, alizaliwa tarehe 5 Oktoba 1911 mjini Strabane, kaskazini mwa Ayalandi. Baba yake alikuwa afisa wa forodha aliyekienzi Kiayalandi, na hiyo ndiyo lugha iliyotumiwa nyumbani wakati ambapo Kiingereza kilikuwa kimetamalaki karibu kisiwa kizima. Kwa hivyo, Brian alikulia katika mvutano wa lugha mbili, na ucheshi wake mwingi ulichimbuka humo.

Baada ya kuhitimu chuo kikuu mjini Dublin, aliajiriwa serikalini mnamo mwaka 1935. Miaka miwili baadaye baba yake alifariki, naye akaachiwa mzigo wa kuikimu familia kubwa. Kwa kuwa mtumishi wa serikali hakuruhusiwa kutoa maoni ya kisiasa hadharani, alijificha nyuma ya majina ya kubuni.

Riwaya yake ya kwanza, At Swim-Two-Birds, ilichapishwa mwaka 1939. Inasimulia kuhusu mwanafunzi anayeandika habari za mtunzi ambaye wahusika wake wanamwasi akiwa usingizini. James Joyce, ambaye macho yake yalikuwa yamefifia sana, aliisoma na kuisifu. Hata hivyo, nakala nyingi ziliteketea London katika mashambulizi ya mabomu ya mwaka 1940. Mwaka huo huo, mswada wa The Third Policeman ulikataliwa. Kwa fedheha, aliwaambia marafiki kwamba umepotea, kumbe alikuwa ameuficha.

Hakukata tamaa. Mwaka 1940 alianza safu ya ucheshi katika gazeti la Irish Times kwa jina la Myles na gCopaleen, kwanza kwa Kiayalandi, kisha zaidi kwa Kiingereza. Mwaka 1941 alitoa An Béal Bocht, tashtiti iliyoandikwa kwa Kiayalandi. Humo, mtaalamu anayekusanya lugha ya mafukara anarekodi gizani mikoromo ya nguruwe. Kwa kuwa haelewi hata neno moja, anaamini amepata Kiayalandi bora kabisa, na wasomi wa Berlin wanamtukuza. Aidha, katika tamasha la lugha, wageni wanahutubu mno kuhusu Kiayalandi huku wenyeji wakianguka kwa njaa. Shabaha ya kejeli hiyo ni wale walioisifia lugha majukwaani bila kuwajali wasemaji wake.

Ulimi huo mkali ulimponza. Mwaka 1953 alilazimika kustaafu, kwa sehemu kutokana na kuwakejeli wanasiasa gazetini, na ulevi ukazidi kumdhoofisha. Riwaya yake ya kwanza ilipochapishwa upya mwaka 1960, sifa zilimrudia, naye akaandika nyingine mbili. Alifariki tarehe 1 Aprili 1966, Siku ya Wajinga, kana kwamba hata mauti yalitaka kumtania.

Mswada uliofichwa ulichapishwa mwaka 1967, na leo wahakiki wengi wanauhesabu miongoni mwa kazi zake bora. Mwenyewe hakuishi kuyaona hayo. Maisha yake yanamkumbusha kila mpenzi wa lugha kwamba anayeipenda kwa dhati huitungia kazi, na wala haogopi kuwacheka wanaojidai kuipenda.